Mkia Mdomoni, Twende Mtoni

Paukwa!

"Pakawa."

Nani huyo kaitikia kama mgonjwa? Hiyo si pakawa, huko ni kukohoa. Mvua imetufungia jikoni tangu asubuhi, mmenimalizia viazi, mmemfukuza kuku wangu kwenye mayai, sasa mnataka ngano, halafu mnaniitikia kwa pua. Tena! Paukwa!

"Pakawa!"

Haya, angalau. Jilo, ondoa mguu karibu na moto. Hawaye, mshike mdogo wako Maro asichezee majivu. Na nikishaanza, sitaki mtu anikate neno. Mkinikata naachia hapo hapo, mtajua wenyewe ilivyoisha.

Hapo kale, kale ambayo hata nyanya yangu mimi aliisikia tu, palikuwa na dimbwi kando ya mto Tana. Mto ulikuwa umefurika ukaingia nyasini, na uliporudi kwao ukaliacha dimbwi nyuma. Ndani ya dimbwi hilo, chini kabisa kwenye tope, ilikaa familia ya mikunga-tope.

"Nyanya, mkunga-tope ni nini?"

Hata sijamaliza sentensi tatu, Jilo! Mkunga-tope ni samaki. Samaki mdogo, mwembamba, mrefu. Ukimwona utadhani ni nyoka aliyeshindwa kukua. Macho yake ni kama mbegu za ufuta, haoni mbali. Ngozi yake inateleza, humshiki. Umeridhika? Naweza kuendelea na ngano yangu?

Palikuwa na mama, jina lake Mama Utelezi. Alikuwa na watoto wanne. Wa kwanza msichana, akiitwa Staha, mwenye adabu zake. Wa pili Mbishi. Wa tatu Mlafi. Na wa mwisho, kitindamimba, alikuwa mdogo hivi, kama kidole changu hiki cha mwisho, kwa hiyo wakamwita Kidole.

"Na baba yao?"

Baba yao alisema anakwenda kuangalia njia. Mpaka leo anaiangalia. Tuendelee.

Basi jua likawaka. Likawaka wiki, likawaka mwezi. Dimbwi likaanza kupungua. Kwanza lilikuwa la kumfika mtu kiunoni, likawa la magotini, likawa la kifundo cha mguu. Mama Utelezi akawaita watoto akasema, "Wanangu, maji yanakwisha. Yakikauka, tutakauka nayo. Lazima tuhame. Lazima tufike mtoni."

Mbishi akasema, "Hayakauki."

Mama akasema, "Yanakauka."

Mbishi akasema, "Yamepumzika tu."

Mama Utelezi akamtazama mwanawe huyo, akatoa mapovu matatu. Samaki akichoka hutoa mapovu, kama mimi ninavyotoa pumzi hapa nikiwatazama nyinyi.

Sasa, Hawaye, nakuona unafungua mdomo. Unataka kuniuliza samaki anapitaje nchi kavu. Anapita! Mkunga-tope anajua kutambaa. Lakini hatambai wakati wowote tu. Hutambaa alfajiri, nyasi zikiwa zimelowa umande. Jua likipanda umande ukakauka, basi naye hukauka. Na kwa kuwa haoni mbali, majani yakimfunika hajui aendako wala atokako. Ndiyo maana wao wana desturi yao. Wakisafiri, kila mmoja hushika mkia wa aliye mbele yake kwa mdomo. Mama mbele, anayeijua harufu ya mto. Nyuma yake mtoto wa kwanza, kaushika mkia wa mama. Nyuma yake wa pili, kaushika mkia wa wa kwanza. Hivyo hivyo mpaka kitindamimba. Wanakuwa uzi mmoja. Na ni mama peke yake mwenye mdomo mtupu, kwa hiyo ni yeye anayeimba:

*Mkia mdomoni, mdomo mkiani,*
*twende, wanangu, twende mtoni.*

Imbeni na nyinyi. Maro, imba, usitafune wimbo.

*Mkia mdomoni, mdomo mkiani,*
*twende, wanangu, twende mtoni.*

Vizuri. Kwa hiyo siku ya kwanza, alfajiri, wakatoka. Mama mbele, Staha, Mbishi, Mlafi, Kidole. Umande ulikuwa mwingi. Nyasi zilikuwa laini. Wakatambaa, wakatambaa, wakatambaa, mama anaimba. Wakafika kwenye kichuguu cha zamani. Juu ya kichuguu alikaa Chura.

Chura akawaona, akacheka. "Kwaa! Nyinyi mnaenda wapi?"

Wote kimya.

"Kama mnaenda mtoni, mmepotea. Mto uko upande wa pili."

Wote kimya. Lakini Mbishi alianza kutikisika. Mnamjua mtu anayetikisika kwa sababu ana jibu? Tunaye mmoja humu ndani, simtaji. Jilo, mbona unainama?

Chura akasema, "Tena nyinyi si samaki. Nyinyi ni minyoo."

Loo! Mbishi akaachia mkia wa dada yake. "Minyoo ni wewe! Na mto uko huku!"

"Uko kule!"

"Uko huku!"

"Wewe umeuona lini?"

"Na wewe umetoka lini kwenye kichuguu chako?"

Wakashikana maneno hapo. Mlafi nyuma kashika mkia wa Mbishi, anangoja. Kidole nyuma kashika mkia wa Mlafi, anangoja. Huko mbele Staha akahisi mkia wake hauna mtu. Akaachia mkia wa mama, akapiga kelele, "Mama! Wenzangu hawapo!"

Mama Utelezi akageuka mbio. Akawakuta hapo hapo kwenye kichuguu. Mbishi na Chura wamefika mahali pa kubishana jua linachomoza upande gani. Na jua lenyewe, kumbe, limeshachomoza! Umande unakauka. Nyasi zinaanza kuchoma.

Hawakuwa na la kufanya ila kurudi dimbwini. Walirudi wakihema, ngozi zimewakakamaa. Mama Utelezi akasema, "Mbishi, mwanangu, mimi nimekuzaa, lakini siku hizi hata sijui kwa nini. Chura anaishi kwenye kichuguu. Akisema mto uko mbinguni, mwache autafute huko. Kuanzia leo, hakuna kumjibu mtu anayebishana nasi."

Mbishi akasema, "Lakini alianza yeye."

Mama akatoa mapovu sita.

"Nyanya, alianza kweli yeye."

Najua alianza yeye, Jilo! Kwani nimesema nani kaanza? Kuanza kwake kunakuletea maji? Kaa vizuri.

Siku ya pili. Dimbwi sasa limebaki la kulowesha unyayo tu. Kambare wakubwa wamekaa migongo nje, wanahema. Alfajiri wakatoka tena. Mama mbele, Staha, Mbishi, Mlafi, Kidole.

*Mkia mdomoni, mdomo mkiani,*
*twende, wanangu, twende mtoni.*

Wakakipita kichuguu. Chura akasema, "Minyoo!" Mbishi akatikisika, lakini hakujibu. Nampa haki yake, hakujibu. Wakatambaa, wakatambaa, wakafika kwenye mikindu. Na chini ya mikindu, miguu miwili mirefu myeusi, na juu ya miguu hiyo nguo nyeupe pee. Ni Yangeyange.

Yangeyange mnamjua, yule ndege mweupe anayefuata ng'ombe. Ana shingo ya kunyenyekea na mdomo wa mkuki. Akawaona. Hakucheka. Hakutukana. Aliinamisha shingo akasema kwa sauti ya asali, "Hamjambo, wanangu?"

Sasa hapo sikilizeni. Mikunga-tope ni watu wa adabu kama sisi. Kwao asiyeitikia salamu hana malezi, na aibu humrudia mama yake. Mama Utelezi mwenyewe ndiye aliyewafundisha hivyo tangu wakiwa mayai. Na alikuwa amewakataza ubishi. Salamu hakuikataza.

Yangeyange akasema tena, "Hamjambo, watoto wazuri? Au mama yenu hakuwafunza kuitikia?"

Staha, maskini, akasikia mama yake anatukanwa. Akafungua mdomo. "Hatujambo, mzee. Shikamoo."

Hakupewa marahaba. Alipewa mdomo! Yangeyange alishuka pwaa! Staha akajipinda, akateleza, mdomo wa ndege ukamkosa mwilini ukamkata ncha ya mkia. Mbishi nyuma akabaki na kipande cha mkia mdomoni, anavuta kwa bidii, anadhani bado amemshika dada yake.

"Aaaa!"

Msifanye aaaa, hakufa. Walijiviringisha kwenye matope, kila mtu kivyake, na Yangeyange akadonoa huku, akadonoa kule, akapata majani. Kufika jua, walikuwa wamerudi dimbwini tena. Wote watano, lakini mkia wa Staha sasa ulikuwa kigutu.

Mama Utelezi alilia kwa hasira. Kuna kilio cha huzuni na kuna kilio cha hasira, na cha hasira ndicho kinachoumiza kichwa. Akasema, "Staha! Wewe niliyekutegemea! Mkuki unakusalimia, nawe unauamkia!"

Staha akasema, "Mama, ulitufundisha tuitikie."

"Niliwafundisha muitikie watu!"

"Hukusema yeye si mtu."

Mama Utelezi akazunguka dimbwi zima, akarudi. Dimbwi lenyewe halikuwa kubwa, hakukawia. Akasema, "Nisikilizeni, na hili ni la mwisho. Nimesema msibishane, mmeamkia. Nikisema msiamkie, mtapiga chafya. Sasa nasema hivi: kesho hakuna kusema. Neno lolote. Akiwatukana mtu, kimya. Akiwasalimia, kimya. Mkiumwa, kimya. Hata mkifa, mfe kimya. Mmenielewa?"

Mbishi akasema, "Mama, lakini mkia wa dada sasa ni mfupi, na unateleza, mimi sitawe..."

"Nimesema nini?"

"Lakini, mama, nataka kukuambia kwamba nikiushika..."

"Mbishi! Nyamaza!"

Mbishi akanyamaza.

Hawaye, unatikisa kichwa nini? Umeshaona kitu? Basi kaa nacho. Wengine hawajakiona.

Siku ya tatu. Hakuna dimbwi tena. Kuna tope tu, tope zito, na usiku mmoja zaidi lingekuwa gamba gumu la udongo lenye mifupa ya samaki ndani. Mama Utelezi alijua. Leo wanafika au hawafiki tena. Alfajiri wakatoka. Mama mbele, Staha, Mbishi, Mlafi, Kidole.

*Mkia mdomoni, mdomo mkiani,*
*twende, wanangu, twende mtoni.*

Wakapita kichuguu. Chura akatukana matusi yote aliyorithi. Kimya. Wakapita mikindu. Yangeyange hakuwepo, alikuwa amekwenda kuvizia kambare kwenye tope. Baada ya mikindu njia ilishuka, na hapo kiboko alikuwa amepita kitambo, akaacha nyayo kubwa za kina, zimejaa maji machafu. Mama akaingia kwenye unyayo, akatoka. Staha akaingia, akatoka. Mbishi akaingia, na alipotaka kutoka, kile kigutu cha mkia kikamponyoka. Fyu!

Mbishi akabaki mdomo wazi. Angeweza kupiga kelele. Mdomo ulikuwa mtupu, hauna kazi. Angesema neno moja tu, "Mama!" na mama angesikia, hakuwa mbali kuliko hapa na mlango.

Lakini aliambiwa anyamaze. Na kwa mara ya kwanza tangu azaliwe, Mbishi alimsikiliza mama yake.

"Lo! Sasa si angesema tu?"

Sasa unamlaumu? Jana alisema akanyamazishwa! Msinitie hasira, ngano yenyewe inanitosha.

Mbishi akaanza kupapasa mbele, kwenye maji yale machafu, akitafuta mkia wa dada. Akapapasa huku, hakuna. Akapapasa kule, akagusa kitu chembamba kinachoteleza. Mkia! Akaudaka kwa furaha. Na ulikuwa mkia wa nani?

"Wa Kidole!"

Wa Kidole! Wa mdogo wake mwenyewe aliye nyuma kabisa. Mbishi kashika mkia wa Kidole, Kidole kashika wa Mlafi, Mlafi kashika wa Mbishi. Wakaanza safari. Wakatambaa kwa bidii, kwa adabu, kwa utiifu, bila neno, wakizunguka ndani ya unyayo wa kiboko. Wakazunguka, wakazunguka, wakazunguka. Kila mmoja anawaza, mto uko mbali kweli.

Na huko mbele? Mama Utelezi anatambaa, na mara hii ana raha. Hasikii ubishi. Hasikii "nina njaa." Hasikii "tumefika?" Akasema, "Leo mmekuwa watoto. Leo najivunia. Siku zote mngekuwa hivi, mama yenu asingezeeka." Kimya. Akasema, "Mbishi, hata wewe, mwanangu, nakupongeza." Kimya. Akaimba wimbo wake mara mbili zaidi kwa sababu ya ule ukimya mtamu.

Wakafika. Maji ya mto yakamgusa pua. Akajitupa ndani, akageuka, akasema, "Haya, fungueni midomo, tumefika!"

Nyuma yake alikuwa Staha peke yake. Na Staha alikuwa analia.

"Wenzio wako wapi?"

Staha akaachia mkia wa mama. Akasema, "Waliachia kwenye unyayo wa kiboko."

"Ulijua?"

"Nilijua. Nilihisi mkia wangu hauna mtu."

"Umejua njia nzima, na hukusema?"

Staha akasema, "Mama, ulisema hata tukifa tufe kimya."

Mama Utelezi hakutoa povu hata moja.

Akasema, "Kaa hapa ukingoni, usitoke majini. Imba. Imba kwa sauti yako yote, usinyamaze mpaka nirudi. Umesikia? Usininyamazie tena." Akatoka majini, akarudi nyasini peke yake. Jua lilikuwa limeshaweka kichwa nje.

Sasa kule kwenye unyayo, Yangeyange alikuwa amewachoka kambare, anarudi. Akaona alama za utelezi kwenye majani, akajua. Watoto wako hapa karibu, lakini wapi? Nyayo za kiboko zilikuwa nyingi, na maji yote machafu. Akainamisha shingo, akaita kwa sauti ya mama, sauti laini kabisa: "Wanangu wazuri! Njooni kwa mama, vipenzi vyangu!"

Wale watatu wakasikia. Midomo imejaa mikia, hawakuweza kuulizana. Lakini wote watatu waliwaza neno moja. Huyo si mama. Mama hajawahi kutuita wazuri.

Cheka tu, Hawaye, cheka. Mimi nimekuita mzuri mara ngapi? Na bado unakula kwangu.

Yangeyange akaita tena, "Wapenzi wangu! Malaika wangu!" Kimya. Akaenda kutafuta kule chini ya mikindu.

Kidogo tu, Mama Utelezi akafika. Ngozi inamkauka, hofu imemjaa mpaka machoni. Na hofu, wajukuu zangu, humlainisha mtu. Akaita, "Wanangu! Wanangu wazuri! Vipenzi vyangu, mko wapi?"

Watoto wakasikia. Wakawaza, yule ndege amerudi. Wakakaza meno kwenye mikia, wakazidi kuzunguka. Kimya.

Mama akaupita unyayo ule, hakuwaona. Akaita, "Roho zangu! Mwitikieni mama!" Kimya. Akaupita mara ya pili, karibu kabisa, karibu kama mimi na chungu hiki. "Malaika wangu!" Kimya. Jua limetoka zima. Umande unakwenda. Nyasi zinaanza kumkwaruza.

"Nyanya, watakufa?"

Maro, mwanangu, usilie. Hebu njoo hapa. Sikiliza.

Mama Utelezi akafika mwisho wa subira yake. Hofu ikamtoka, ikaingia ile ya siku zote. Akajiinua juu ya mkia wake, akapaaza sauti mpaka Chura kule kwenye kichuguu akaanguka:

"Nyinyi vichwa maji! Nimewachoka! Mbishi, wewe ambaye hata kwenye yai ulikataa kutoka! Mlafi, uliyekula tope la mgeni! Na wewe Kidole, unajificha nyuma ya wenzako kila siku ukidhani sikuoni! Nimetambaa siku tatu, ngozi imenibabuka, kwa ajili ya watoto wasiojua hata mbele ni wapi! Kuzaa si kazi, kazi ni kulea, na mimi kazi hii naiacha leo! Mnanisikia, au masikio mmeyaacha dimbwini?"

Kwenye unyayo wa kiboko watoto watatu wakasimama. Wakafungua midomo yote mitatu mara moja.

"Labeka, mama!" akasema Kidole.

"Si mimi, mama, ni mkia wa dada, nilikwambia!" akasema Mbishi.

"Mama, tumefika? Nina njaa!" akasema Mlafi.

Mama Utelezi akaruka ndani ya unyayo, akaangukia juu yao. Hakuwabusu, samaki hawabusu. Aliwapiga mikia mmoja mmoja, kisha akawapiga tena. Akasema, "Shikaneni. Mbishi, mbele. Mimi nakaa nyuma, asipotee mtu tena."

Mbishi akasema, "Mama, mimi siijui njia."

"Nyamaza uisi..." akaanza mama. Kisha akajizuia. Akasema polepole, "Sikiliza. Ukisikia dada yako anaimba, fuata. Usiposikia, simama useme. Sema kwa nguvu. Nitakusikia."

Wakatoka. Mbishi mbele, Mlafi, Kidole, na mama nyuma kabisa. Kwa mbali Staha anaimba, sauti imemkauka:

*Mkia mdomoni, mdomo mkiani,*
*njooni, wenzangu, njooni mtoni.*

Wakatambaa. Mbishi akasimama. "Mama, sisikii!" Wakangoja wote. Upepo ukapita, wimbo ukarudi. Wakatambaa. Mbishi akasimama. "Mama, hapa pana jiwe!" Wakalizunguka.

Na Yangeyange? Kelele zote hizo zilimfikia. Akaja na ile miguu yake mirefu, hatua moja yake ni hatua mia za mkunga-tope. Akamkuta wa nyuma kabisa. Hakupoteza muda na salamu. Akamdonoa mama mgongoni. Akamdonoa mara ya pili.

Mama Utelezi, aliyekuwa akipiga kelele kwa ajili ya ubishi, kwa ajili ya salamu, kwa ajili ya chura, safari hii hakupiga kelele. Mdomoni alikuwa na mkia wa Kidole. Angesema "Ai!" tu, Kidole angebaki majanini. Akadonolewa mara ya tatu, na ncha ya mkia wake ikaenda na ndege. Akauma meno, akamsukuma mwanawe mbele. Kidole hakujua. Mpaka anafika majini hakujua.

Wakaingia mtoni mmoja baada ya mwingine, chubwi, chubwi, chubwi. Na mama wa mwisho, chubwi. Staha akaacha kuimba. Yangeyange akasimama ukingoni, akatazama maji, akajifanya alikuja kuoga.

Basi majini watoto wote wanne wakaanza kusema kwa pamoja. Mbishi anaeleza alivyotaka kueleza. Mlafi anauliza kuna nini cha kula. Staha anasimulia alivyolia njia nzima. Kidole ameona mkia wa mama, anauliza uko wapi, nani kaukata, uliumia, ulilia, mbona hukulia? Mama Utelezi kichwa kilikuwa kinamgonga. Mgongo ulikuwa unawaka moto. Kitu alichotaka duniani ni ukimya kidogo tu. Lakini alijilaza kwenye tope la mto, akasema, "Mmoja mmoja. Kidole, anza wewe." Akawasikiliza mpaka wa mwisho.

Sasa funzo. Jilo, tuambie.

"Mtoto asikilize mama yake."

Lakini walimsikiliza! Si ndiyo ilitaka kuwaua? Hawaye?

"Mama asiwakataze watoto kusema."

Na wakijibizana na kila chura njiani? Hapana. Kumwambia mtoto anyamaze ni rahisi, hata mlevi anaweza. Kazi ni kumfundisha wakati wa kunyamaza na wakati wa kupiga kelele. Asiyefundisha la pili, la kwanza litamgharimu watoto.

"Lakini nyanya, na wewe kila siku unatuambia nyamazeni."

Nawaambia mnyamaze wakati wa ngano, Jilo! Ukiona nyoka juu ya kichwa changu utangoja niseme funzo? Sema! Mtu yeyote kati yenu akiumwa, akiogopa, akiachwa nyuma, aseme. Aniite. Nitagomba, mnanijua, nitagomba mpaka majirani wasikie. Lakini nitakuja.

Ngano yangu imeingia mtoni, nami nimeiachia mkia. Ondokeni jikoni kwangu.